Kabla ya Kukuza, Rekebisha Mwanga

Mpe mwanafunzi hadubini kwa mara ya kwanza uone mkono wake unakwenda wapi: kwenye lenzi ndefu kuliko zote. Anaizungusha mpaka inakaribia kugusa slaidi, anachungulia, anaona weupe mtupu kama ukungu wa alfajiri. Anazungusha skrubu kubwa ya kulengea picha, ukungu uko pale pale, kisha unasikika mlio mdogo wa kioo kupasuka. Anaambiwa aanze na lenzi ndogo, anaandika kwenye daftari, na kipindi kijacho mambo ni yale yale. Kanuni ameisikia. Sababu yake hakuambiwa.

Sababu yenyewe ni ya kihesabu. Lenzi ya jicho, ile unayochungulia, kwa kawaida hukuza mara 10. Lenzi za kitu, zile zilizoning'inia kwenye kichwa kinachozunguka, hukuza mara 4, 10 na 40, na kwenye hadubini nyingi ipo pia ya 100. Zidisha ya juu kwa ya chini upate ukuzaji wote: 40, 100, 400, 1,000. Maelezo mengi huishia hapo, wakati kila unapopanda daraja kuna kitu unanyang'anywa. Tazama ubavu wa lenzi ya jicho. Mara nyingi utakuta namba nyingine, iitwayo namba ya uga, tuseme 18. Igawanye kwa ukuzaji wa lenzi ya kitu na utapata upana wa eneo la slaidi unaloliona, kwa milimita. Kwa lenzi ya 4 unaona duara la milimita 4.5, kwa ya 10 milimita 1.8, kwa ya 40 milimita 0.45 tu. Sasa chukua kifuniko cha slaidi, kile kioo chembamba kinachofunika sampuli, cha milimita 22 kwa 22. Eneo lake ni sawa na maduara kama 30 ya lenzi ya 4. Kwa lenzi ya 40, ni sawa na maduara zaidi ya 3,000. Anayeanza na 40 amejitosa kwenye moja kati ya hayo elfu tatu, na wala hajui kama yuko kwenye kina sahihi.

Kina nacho ni balaa lake. Lenzi ya 40 huona kwa uwazi tabaka lenye unene wa mikrometa 1 hivi, yaani sehemu moja ya elfu ya milimita. Skrubu kubwa, kwa mzunguko mmoja, hulisogeza jukwaa, kile kibao kinachobeba slaidi, milimita nyingi. Kulitafuta tabaka hilo kwa skrubu kubwa ni kulipita mara kumi bila kujua kuwa umelipita. Na nafasi ya kuchezea hakuna: kati ya ncha ya lenzi ya 40 na kifuniko kuna takriban milimita 0.6, wakati lenzi ya 4 inakuachia milimita 15 au zaidi. Ndiyo maana kioo hupasukia pale na si kwingine.

Kwa hiyo mwendo ni huu. Zungusha kichwa mpaka lenzi ya 4 iingie mahali pake kwa kubofya. Isipobofya, utaona giza au mwezi mwandamo na utadhani taa imeungua. Weka slaidi, ibane kwa klipu, hakikisha sampuli iko juu ya tundu la jukwaa. Ukitazama kwa ubavuni, si kwa kuchungulia, pandisha jukwaa hadi karibu na lenzi. Sasa chungulia, halafu shusha jukwaa polepole kwa skrubu kubwa hadi picha itokee. Ukilenga huku lenzi na slaidi vinaachana, hata ukiipita picha hakuna kitakachovunjika. Safisha picha kwa skrubu ndogo. Sogeza slaidi mpaka kile unachokitaka kikae katikati kabisa ya duara, maana kilichoko pembeni kwenye lenzi ya 4 hakitakuwemo kwenye lenzi ya 10.

Baada ya hapo skrubu kubwa imemaliza kazi yake. Lenzi za hadubini iliyo nzima zimetengenezwa ili picha iliyo wazi kwenye moja iwe karibu wazi kwenye inayofuata. Hamia lenzi ya 10, gusa skrubu ndogo, weka katikati tena. Hamia ya 40 huku ukitazama ubavuni, kisha zungusha skrubu ndogo robo mzunguko mbele, robo nyuma. Picha isipotokea, usiwinde. Rudi kwenye 10, uilenge upya, uje tena. Na kama lenzi ya 40 inagonga kioo kabla picha haijatokea, karibu kila mara slaidi imewekwa chini juu: kifuniko kinatazama taa, na unene wote wa slaidi, milimita 1 hivi, umekaa katikati ya lenzi na sampuli. Kwa lenzi ya 4 na ya 10 kosa hili halijitangazi, picha inaonekana vizuri tu, na hapo ndipo watu hupoteza nusu saa.

Wenye hadubini ya jicho moja wajizoeze kuacha macho yote mawili wazi. Siku ya kwanza inasumbua, ya tatu umesahau, na hutaumwa kichwa. Yenye macho mawili, sogeza mirija mpaka maduara mawili yaungane kuwa moja. Kisha lenga kwa jicho la upande usio na pete ya kurekebishia, na jicho la pili lipate uwazi kwa kuzungusha pete hiyo, bila kugusa skrubu. Anayevaa miwani ya kuona mbali au karibu anaweza kuivua, kwani skrubu hufanya kazi ya miwani. Mwenye astigmatizimu, kasoro ya umbo la jicho isiyorekebishwa na skrubu, abaki nayo.

Zoezi la kwanza libaki kuwa herufi iliyochapwa, ila ningependa iwe p badala ya e iliyozoeleka. Kata p ndogo kwenye karatasi, iweke kwenye slaidi ikiwa wima kama unavyoisoma, itazame kwa lenzi ya 4. Utaona d. Ingekuwa picha imepinduliwa juu chini tu, ungeona b. Ingekuwa imegeuzwa kushoto kulia tu, ungeona q. Hiyo d inakuambia kwamba vyote viwili vimefanyika, na huhitaji mtu wa kukueleza. Sogeza slaidi kulia, d inakimbilia kushoto. Mikono itachanganyikiwa kwa dakika chache, kisha itajua yenyewe.

Sehemu isiyoguswa na mtu

Sasa tufike kwenye kiwambo. Chini ya jukwaa kuna kondensa, lenzi inayokusanya mwanga na kuumimina kwenye sampuli, na ndani yake au chini yake kuna kiwambo, mlango wa mviringo unaofunguka na kufumba kwa kijiti kidogo kilichochomoza pembeni. Hadubini rahisi zina kisahani chenye matundu ya ukubwa tofauti badala yake. Hadubini nyingi za kufundishia hukaa mwaka mzima kijiti hicho kikiwa pale kilipoachwa na mtu wa kwanza. Kwa maoni yangu hiki ndicho kinachotofautisha anayeona na anayechungulia tu.

Lijaribu jambo hili kwa macho yako. Weka kipande cha ngozi nyembamba ya kitunguu kwenye tone la maji, bila rangi yoyote, ukitazame kwa lenzi ya 10. Fungua kiwambo chote. Utaona mng'aro, na ndani yake mistari hafifu kama ya penseli iliyofutwa. Anza kufunga polepole. Kuta za seli zinajitokeza, zinakuwa kama matofali yaliyopangwa. Kando ya ukuta, katika seli hii na ile, kinatokea kijiwe cha kijivu, nacho ni kiini. Endelea kufunga. Sasa kila mstari umepata mstari mwenzake wa kung'aa ubavuni, kuta zimekuwa nene na nyeusi, na saitoplazimu, yaani ute wa ndani ya seli, imejaa chembechembe ambazo sekunde tano zilizopita hazikuwepo. Hizo pete na mistari ya ziada hazimo kwenye kitunguu. Ni mawimbi ya mwanga yaliyopinda baada ya kubanwa kwenye tundu dogo mno. Rudisha kiwambo nyuma hadi zipotee, ukomee hapo.

Maelezo ya jambo hili yaliandikwa na mwanafizikia Mjerumani Ernst Abbe mwaka 1873. Kila lenzi ya kitu ina namba mbili, kwa mfano 40/0.65. Ya pili inapima upana wa koni ya mwanga ambayo lenzi inaweza kuipokea, na hiyo ndiyo inayoamua udogo wa kile utakachokiona. Chukua urefu wa wimbi la mwanga, kwa wa kijani ni mikrometa 0.55 hivi, ugawanye kwa mara mbili ya namba hiyo. Lenzi ya 4 yenye 0.10 inatenganisha nukta mbili zilizoachana mikrometa 2.75. Ya 10 yenye 0.25 inafika 1.1. Ya 40 yenye 0.65 inafika 0.42. Lakini hesabu hiyo inadai koni ya mwanga iijaze lenzi vya kutosha. Ukifunga kiwambo umeikata koni, na lenzi yako ya 40 sasa inaona kama ya bei rahisi. Ukikifungua chote, mwanga wa pembeni unatapakaa na kila kitu kinafifia. Unachonunua kwa kufunga ni utofauti wa giza na mwanga; unachouza ni uwezo wa kutenganisha vitu vidogo.

Mahali pa kusimama panapatikana hivi: lenga sampuli kwanza, chomoa lenzi ya jicho, tazama ndani ya mrija. Utaona duara la mwanga chini. Funga kiwambo mpaka mwanga ujaze theluthi mbili hadi robo tatu za duara hilo, kisha rudisha lenzi ya jicho. Sampuli isiyotiwa rangi inavumilia kufungwa zaidi kidogo. Kila ukibadili lenzi, kiwambo nacho kibadilishe: lenzi ya 40 inataka kiwe wazi zaidi kuliko ya 10. Mwanga ukikuumiza macho, punguza taa yenyewe. Kiwambo si swichi ya taa, ingawa wengi wanakitumia hivyo. Kondensa ikae juu, karibu na jukwaa, si kuning'inia chini.

Kwenye hadubini inayotumia kioo cha kuakisi mwanga badala ya taa, kioo hicho kina nyuso mbili. Bapa ni ya kutumia pamoja na kondensa. Iliyobonyea ni ya hadubini isiyo na kondensa, kwa sababu inakusanya mwanga yenyewe. Elekeza kioo kwenye anga au dirisha, kamwe si kwenye jua lenyewe. Jicho lililo juu ya lenzi likipigwa na jua laweza kuharibika moja kwa moja. Suala la mwanga, kwa kweli, ni la zamani kama hadubini yenyewe. Mwanasayansi Mwingereza Robert Hooke, aliyechapisha mchoro wa vyumba vya gome la koki mwaka 1665 na kuviita seli, alitumia taa ya mafuta na tufe la kioo lililojazwa maji ili kuukusanya mwanga kwenye kitu alichokichunguza.

Kutokana na hesabu ya Abbe utaelewa pia kwa nini kununua lenzi ya jicho ya 20 ili kupata ukuzaji wa 800 ni kupoteza fedha. Lenzi ya 0.65 haina zaidi ya kukupa baada ya ukuzaji wa 650 hivi. Kinachobaki ni kuvuta picha ile ile iliyo na ukungu iwe kubwa zaidi.

Slaidi ya kitunguu, bila haraka

Kata kitunguu mara nne, chukua tabaka nene moja la ndani. Upande wake uliobonyea una ngozi nyembamba inayopitisha mwanga. Vunja tabaka kidogo, shika ukingo wa ngozi hiyo kwa kibano, ivute. Ikitoka na nyama nyeupe nyuma yake, itupe, uvute nyingine, kwani unataka seli za tabaka moja tu. Kata mraba wa milimita 5 na uuweke mara moja kwenye tone la maji lililokwisha kuwa juu ya slaidi. Ukichelewa itajikunja kama jamvi na hutaikunjua tena bila kuichana. Itandaze kwa sindano.

Kifuniko kisidondoshwe. Simamisha ukingo wake mmoja kwenye tone kwa mwinamo wa nyuzi 45 hivi, subiri maji yatambae kwenye ukingo wote, kisha ukishushe polepole ukikiegemeza kwenye sindano. Maji yakitangulia, hewa inasukumwa nje. Maji yakizidi, kifuniko kinaelea na picha inacheza. Gusa ukingo kwa karatasi ya kuchujia yanyonywe. Maji yakipungua, utaona ukingo wa hewa ukisonga ndani dakika hadi dakika. Ongeza tone pembeni.

Rangi hutiwa bila kufunua. Weka tone la iodini kwenye ukingo mmoja wa kifuniko, karatasi ya kuchujia kwenye ukingo wa pili. Karatasi inavuta maji, iodini inaingia kuchukua nafasi yake, na baada ya dakika moja au mbili viini vimekuwa vya njano ya kahawia. Ukifanya hivi huku ukichungulia kwa lenzi ya 4, utaona wimbi la rangi likipita juu ya seli, na hakuna zoezi jingine la siku hiyo litakalokaa akilini hivyo. Usishangae kukosa kloroplasti, zile chembe za kijani zinazotengeneza chakula kwa mwanga: seli hizi hazikuumbwa kuona jua. Na usitafute kiini katikati ya kila seli. Vakuoli kubwa, mfuko wa maji ndani ya seli, imekisukuma ukutani, hivyo katika baadhi ya seli utakiona kwa ubavu kikiwa kimebanwa.

Vitu vinavyojifanya seli

Duara kamilifu lenye ukingo mnene mweusi na katikati nyeupe ni kiputo cha hewa. Kimechorwa kwenye daftari nyingi kikiitwa kiini, hata seli nzima. Seli haina ukingo mweusi kiasi hicho, na mara chache huwa duara kamili. Nyuzinyuzi ndefu zisizo na mwisho ni za nguo au karatasi.

Kwa uchafu, kuna njia ya kumjua mwenye kosa. Zungusha lenzi ya jicho kwa vidole: doa likizunguka nayo, liko hapo. Sogeza slaidi: likisogea, liko kwenye slaidi. Vyote viwili vikishindwa na doa likapotea ukibadili lenzi ya kitu, basi lenzi hiyo ndiyo chafu. Likibaki hata hapo, tazama kondensa au kioo cha taa.

Kisha kuna vitu vinavyotetemeka. Kwa ukuzaji wa 400, chembe ndogo sana kwenye maji hucheza mahali pamoja bila kutulia, na kila darasa kuna anayetangaza kuwa ameona bakteria. Huenda ni chembe tu zinazogongwa na molekuli za maji, mwendo ambao mtaalamu wa mimea Robert Brown aliuchunguza mwaka 1827. Kiumbe anayeogelea hushika njia, huenda mahali, hugeuka. Chembe hutetemeka tu, na jirani zake zote za ukubwa ule hutetemeka vile vile.

Kosa kwenye mchoro

Chini ya michoro mingi imeandikwa ×100 kwa sababu hadubini ilikuwa kwenye 100. Hiyo ni namba ya hadubini, si ya mchoro. Ukuzaji wa mchoro ni urefu uliochora kugawanya kwa urefu halisi, na urefu halisi unaupata kwenye duara. Tuseme kwa lenzi ya 10, yenye duara la milimita 1.8, seli 6 za kitunguu zinajipanga kichwa kwa mguu kutoka ukingo hadi ukingo. Kila moja ina milimita 0.3. Ukiichora kwa urefu wa milimita 90, mchoro wako ni ×300. Rafiki yako aliyeichora kwa milimita 45 amepata ×150, kwa hadubini ile ile. Kama lenzi ya jicho haikuandikwa namba ya uga, weka rula ya plastiki inayopitisha mwanga juu ya jukwaa, uisome kwa lenzi ya 4, halafu zigawanye nyingine kwa uwiano: ya 10 ni upana huo mara 4 gawanya kwa 10. Chora kwa penseli kali, mstari mmoja usiorudiwarudiwa, bila kutia vivuli. Seli tatu zilizochorwa vizuri zinatosha.

Lenzi ya 100 ni habari ya bakteria na damu, na kwa mwanzo haina haraka. Ijulikane tu kwamba inahitaji tone la mafuta maalumu kati yake na kifuniko, kwa kuwa mafuta hayo hupinda mwanga karibu sawasawa na kioo, hivyo mwanga haupotei kwa kuvuka hewa. Hapo namba ya lenzi hufika 1.25 na unatenganisha mikrometa 0.22. Ukishaweka mafuta, usirudi kwenye lenzi ya 40 kwa slaidi hiyo. Itapita kwenye mafuta, na yenyewe imeundwa kufanya kazi kwenye hewa.

Kwa hiyo ukikuta hadubini ambayo lenzi yake ya 40 inatoa ukungu kwa kila slaidi, wakati ya 10 iko safi, usihangaike na skrubu. Kuna aliyeipitisha kwenye mafuta. Kunja karatasi ya lenzi, ifute kwa mkokoto mmoja mwepesi, tupa, chukua nyingine, rudia hadi karatasi itoke bila alama. Usitumie shati wala tishu, kwa kuwa nyuzi zake na vumbi lililomo huchora kioo. Halafu rudisha lenzi ya 4 mahali pake, shusha jukwaa, toa slaidi, zima taa. Anayekuja baada yako aikute pale inapoanzia.